Gemu za zamani kwenye stiki ya TV: mwongozo kamili kwa sebule ya Mtwara

Mpwa wangu alicheza kutwa nzima ya Jumamosi, akasevu mara nne, na saa mbili usiku umeme ukakatika. Uliporudi akakuta gemu iko palepale alipoiacha Ijumaa. "Mjomba, mbona nilisevu?" Alisevu kweli. Kosa lilikuwa langu mimi niliyemwekea: mpangilio mmoja niliuruka, na kwa sisi wa huku kusini huo ndio wenye faida kuliko yote. Nitaufikia. Miongozo niliyoifuata mwanzoni iliandikwa na watu ambao taa ya sebuleni kwao haizimiki ovyo, na ambao hawapigi hesabu ya bando kabla ya kubonyeza "download". Huu nauandika nikiwa Mtwara mjini, stiki ikiwa nyuma ya TV na feni ikizunguka.

Waliokulia Chikongola au Magomeni ya hapa Mtwara wakati ule wanakikumbuka kibanda cha gemu: TV za kichogo mbili tatu, PlayStation ya kwanza imegeuzwa kichwa chini ili isome CD, benchi moja, na sheria moja, anayefungwa anasimama. Leo mashine zile zimekufa, lenzi zimechoka, pedi zimeliwa na chumvi ya bahari. Lakini kifaa kidogo unachotumia kuangalia tamthilia kina uwezo wa kuzifufua zote, kwa kutumia emuleta, yaani programu inayojifanya mashine nyingine. Gemu inadhani iko ndani ya PlayStation, kumbe iko ndani ya stiki.

Ushauri wangu mkubwa nautoa mapema. Usianze na gemu elfu kumi. Anza na moja, ihangaikie mpaka iwake, ichezeke kwa pedi, isevu, na uzime uwashe uikute ilipo. Ndipo uongeze nyingine. Kila niliyemwona amekwama alianza na memori kadi iliyojazwa gemu za dunia nzima, na kitu kimoja kilipogoma hakujua aanze kutafuta wapi.

Kifaa

Unahitaji stiki au boksi la TV linaloendesha Android: Xiaomi TV Stick, Mi Box, Chromecast with Google TV, au Fire TV Stick, ambayo mfumo wake umejengwa juu ya Android. Kuwa macho na Fire TV Stick 4K Select iliyotoka 2025. Hiyo inatumia mfumo mwingine uitwao Vega OS, na faili za APK, yaani zile za kuwekea programu za Android, haziingii kabisa. TV za Samsung na LG zenyewe nazo si Android, kwa hiyo kama TV yako ni ya aina hiyo, chomeka stiki pembeni.

Watu huuliza kama kifaa chenye RAM ya GB 1 kinatosha. Kinatosha, na sababu ni hii. Prosesa ya Super Nintendo ilienda kwa megahezi 3.58 tu. Ya PlayStation ya kwanza, iliyotoka Japani mwaka 1994, ilienda kwa megahezi 33.9 hivi, na mashine nzima ilikuwa na RAM kuu ya MB 2. Stiki ya leo ina prosesa ya zaidi ya gigahezi 1. Emuleta hula nguvu nyingi, maana kila amri ya mashine ya zamani lazima itafsiriwe kwa lugha ya mashine mpya papo kwa papo, lakini hapo bado kuna akiba ya kutosha. Kwa hiyo NES, Super Nintendo, Mega Drive, Game Boy zote hadi Advance, na PlayStation ya kwanza zitakwenda vizuri. Nintendo 64 ni bahati nasibu: nyingine zinakwenda, nyingine zinakwama kwama kama daladala yenye plagi mbovu. PSP jaribu chache nyepesi. PlayStation 2 kwenye stiki achana nayo.

Maboksi ya bei chee yenye maandishi makubwa ya 8K na RAM ya ajabu ninayaogopa. Kwanza, namba nyingi ni za uongo. Pakua programu iitwayo CPU-Z uone mwenyewe kilichomo. Pili, Oktoba 2023 kampuni ya usalama ya HUMAN ilieleza jambo ililoliita BADBOX, yaani maboksi ya Android yaliyotoka kiwandani yakiwa tayari na programu hasidi ndani. Kama umeshalinunua, litumie, lakini usiingize humo barua pepe uliyofungia mambo yako ya pesa.

Na kama TV yako bado ni ya kichogo, usiitupe. Gemu hizi zilichorwa kwa kioo kile, na picha yake inapendeza kuliko kwenye flati. Maboksi mengi yana tundu la AV la waya wa njano, nyekundu na nyeupe. Stiki haina, inahitaji kigeuzi cha kutoka HDMI kwenda AV. Soma mshale ulioandikwa juu yake kabla hujalipa. Mimi nilirudi nyumbani na kile cha kutoka AV kwenda HDMI; vinafanana kama mapacha, na muuzaji aliniangalia tu nikiondoka.

Umeme wa stiki yenyewe

Hapa ndipo wengi wanaharibu bila kujua. Stiki inakuja na chaja ya volti 5, na nyingi zinataka ampea 1. Tundu la USB la TV mara nyingi linatoa nusu ampea. Ukiangalia filamu inaweza kuvumilia. Ukiwasha gemu ya PlayStation, prosesa inakaza mwendo, umeme hautoshi, stiki inajizima na kuwaka upya katikati ya mechi. Watu husema emuleta ni mbovu, kumbe ni njaa ya umeme. Tumia chaja yake, au chaja ya simu ya ampea 2, na uichomeke kwenye stabilaiza pamoja na TV.

Halafu joto. Stiki iliyobanwa nyuma ya TV iliyotundikwa ukutani, mwezi wa Desemba huku kwetu, inaungua. Ule waya mfupi wa HDMI unaokuja nayo si mapambo: unaitoa nje ipate hewa, na pia unaiweka mbali na mabati ya TV, jambo linalosaidia Bluetooth ya pedi.

32 au 64

Programu tutakayotumia ni RetroArch. Ni ya bure, haina matangazo, na inaendesha mashine zote nilizotaja kupitia vipande vidogo vinavyoitwa kori. Kila mashine ina kori yake. Kwenye tovuti ya retroarch.com, upande wa Android, utakuta APK ya 64-bit, ambayo jina lake lina neno "aarch64", na nyingine ya 32-bit.

Mtego uko hapa: stiki nyingi zina prosesa ya 64-bit lakini Android iliyowekwa juu yake ni ya 32-bit. Ukiweka APK ya 64 utaambiwa "App not installed" bila maelezo zaidi. Pakua programu iitwayo AIDA64, ingia sehemu ya "CPU", tafuta mstari wa "Supported ABIs". Ukiona "armeabi-v7a" peke yake, chukua ya 32. Ukiona na "arm64-v8a", chukua ya 64. Fire TV Stick nyingi ni za 32.

Kupakua bila kuunguza bando

Pakua APK mara moja tu, kwa simu, ukiwa mahali penye Wi-Fi au kwenye bando la usiku. Si faili dogo. Kutoka kwenye simu ihamishie kwenye stiki kwa programu ya "Send Files to TV", unayoiweka pande zote mbili. Simu na stiki zikiwa kwenye hotspot moja, faili linakwenda moja kwa moja kati yake na halili bando hata chembe. Boksi lenye tundu la USB ni rahisi zaidi: weka kwenye flashi, chomeka.

Kabla ya kufungua APK, ruhusu programu za nje ya duka. Kwenye Android TV na Google TV ingia "Settings", tafuta sehemu ya usalama, kisha "Unknown sources", uwashe ile programu utakayofungulia faili. Napenda X-plore, inaonyesha simu, flashi na stiki kwenye skrini moja. Kwenye Fire TV nenda "My Fire TV", halafu "About", bonyeza jina la kifaa mara saba, na "Developer options" itajitokeza. Humo washa "Install unknown apps".

Fungua APK, weka, na RetroArch inapoomba ruhusa ya kusoma hifadhi, ikubalie. Ukikataa haitaona gemu hata moja.

Mambo ya kufanya mara moja tu

RetroArch ikifunguka na sura ya simu, yenye vitu vya kugusa kwa kidole, ingia "Settings", "Drivers", "Menu", chagua "ozone". Toka kabisa, fungua tena. Sasa inafaa kwa rimoti.

Ingia "Main Menu", "Online Updater". Pakua kwa mpangilio huu: "Update Core Info Files", "Update Assets", "Update Controller Profiles", "Update Databases". Usipopakua assets, alama za menyu zitakuwa viboksi vitupu. Kisha "Core Downloader", uchukue kori chache tu. Kwa NES chukua FCEUmm. Kwa Super Nintendo, Snes9x, na kama stiki ni dhaifu chukua Snes9x 2010. Kwa Mega Drive, Genesis Plus GX au PicoDrive iliyo nyepesi zaidi. Kwa Game Boy, Gambatte. Kwa Advance, mGBA. Kwa PlayStation, PCSX ReARMed, ambayo iliandikwa kwa kuzilenga prosesa za ARM kama za stiki na simu, ndiyo maana inakwenda laini kwenye kifaa hafifu. Kila kori ni megabaiti chache. Usipakue zote zilizopo, hutazitumia.

Kitu kingine ambacho hakuna aliyeniambia: RetroArch huandika mipangilio yako pale unapotoka kwa utaratibu. Ukiacha umeme ukate, au ukibonyeza kitufe cha "Home" na kuzima ukutani, yote uliyopanga yanaweza kupotea. Kila ukimaliza kupanga, nenda "Main Menu", "Configuration File", "Save Current Configuration". Fanya hivyo mpaka iwe tabia.

Gemu utazipata wapi

Emuleta ni halali. Gemu zina wenyewe, na kwetu programu za kompyuta zinalindwa na Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999. Hata zile CD tulizochezea vibandani nyingi zilikuwa za kuchoma, tusijidanganye. Sitakutajia tovuti za kupakulia.

Njia safi zipo. Ya kwanza iko ndani ya RetroArch yenyewe: "Online Updater", "Content Downloader". Humo utakuta vitu vya bure vilivyoruhusiwa, na bora kuliko vyote ni Cave Story, gemu ya 2004 iliyotengenezwa na mtu mmoja, Daisuke Amaya, akaitoa bure. Inachezwa kwa kori ya NXEngine. Hii ndiyo naitumia kujaribia kila stiki mpya.

Njia ya pili ni CD zako halisi za PlayStation kama bado unazo kabatini. Kompyuta yenye sehemu ya CD na programu ya ImgBurn inatosha. Chagua kutengeneza faili kutoka kwenye diski, na utapata mafaili mawili, la ".bin" lenye gemu na la ".cue" lenye maelezo. La cue ni maandishi tu, lifungue kwa Notepad utaona mstari wa kwanza hivi:

FILE "soka.bin" BINARY

Jina lililo kati ya alama za nukuu lazima lifanane herufi kwa herufi na jina la faili la bin. Ukibadilisha moja bila jingine, gemu haifunguki. Nimetatua shida hii kwa watu wengi kuliko nyingine yoyote, na kila mara mtu alikuwa amebadilisha jina ili lipendeze.

CD moja inaweza kufika MB 700, na stiki nyingi zina hifadhi ya GB 8 ambayo nusu yake imeshaliwa na mfumo. Hapo programu ndogo ya chdman inasaidia, inabana bin na cue kuwa faili moja la CHD bila kupunguza kitu. Kwenye kompyuta unaandika:

chdman createcd -i soka.cue -o soka.chd

Gemu yenye CD mbili au tatu, tengeneza faili la maandishi lenye mwisho wa ".m3u", ndani yake andika jina la kila CHD kwenye mstari wake. Ukifungua m3u, utaweza kubadilisha diski kutoka kwenye menyu ya haraka.

PlayStation pia ilikuwa na BIOS, programu ya kuwashia mashine. PCSX ReARMed ina mbadala wake wa ndani, kwa hiyo gemu nyingi zitawaka bila hiyo. Chache zitagoma. Kama una mashine yako na umeitoa BIOS yake, faili ni la KB 512, jina liwe herufi ndogo tupu, mfano scph5501.bin, na likae kwenye folda inayoonyeshwa na "Settings", "Directory", "System/BIOS".

Flashi

Boksi lenye USB halina neno. Stiki ina tundu moja tu, na hilo ndilo la chaja. Utahitaji waya wa OTG wenye miguu miwili, mmoja wa chaja na mmoja wa flashi. Kwa stiki ya USB-C unahitaji habu inayopitisha umeme. Fomati flashi kwa FAT32. ExFAT vifaa vingine havisomi. Android ikikuuliza kama uigeuze flashi kuwa hifadhi ya ndani, kataa, maana ukikubali inafutwa yote na haitasomeka tena kwingine.

Panga folda kwa majina ya mashine: NES, SNES, MEGADRIVE, GBA, PS1. Kisha kwenye RetroArch ingia "Import Content", "Scan Directory", chagua folda moja, na orodha itajitengeneza. Gemu isipoonekana kwenye orodha si lazima iwe mbovu, huenda jina halimo kwenye kanzidata. Tumia "Load Content", ifuate ilipo, ifungue kwa mkono.

Pedi

Rimoti inakusaidia kwenye menyu tu. Pedi rahisi kuliko zote ni ya USB ya waya, ile ya umbo la PlayStation 2, kama una tundu. Ya Bluetooth inafaa stiki. Ya PlayStation 4 shikilia kitufe cha PS na cha Share pamoja mpaka taa iwake na kuzima haraka haraka, kisha itafute kwenye mipangilio ya Bluetooth ya stiki. Pedi feki za PlayStation 4 zimejaa madukani. Zinaunganika, ila baadhi vitufe vimehama. Hiyo si shida: "Settings", "Input", "Port 1 Controls", "Set All Controls", fuata maelekezo kitufe kwa kitufe, kisha "Save Controller Profile".

Kitufe cha kukubali na cha kurudi vikiwa vimepishana na ulivyozoea, washa "Menu Swap OK and Cancel Buttons".

Sasa shida ya watu wawili. Unawasha gemu ya mpira, pedi yako inaendesha timu ya pili na timu ya kwanza imesimama kama miti. Rimoti imekalia nafasi ya mchezaji wa kwanza! Ingia "Port 1 Controls", "Device Index", chagua pedi yako; kisha "Port 2 Controls" na uchague ya mwenzako.

Mwisho, panga njia ya kutoka ndani ya gemu. "Settings", "Input", "Hotkeys", "Menu Toggle (Controller Combo)", chagua Start na Select pamoja. Bila hii utajikuta unazima stiki kila ukitaka kubadilisha gemu, na nimeshasema kuzima hovyo kunafanya nini.

Picha na kuchelewa

Nenda kwenye mipangilio ya stiki yenyewe, weka 1080p ya hezi 60. Sio 4K, unaitwisha mzigo bure, na sio hezi 50, gemu zitakuwa zinashtuka shtuka.

Gemu za zamani zilikuwa za kioo cha 4:3. Ukizivuta zijaze TV pana, uso wa mtu unakuwa chapati. Kwenye "Settings", "Video", "Scaling" acha umbo la "Core Provided" au 4:3. Kama unapenda vidoto vikali vilivyonyooka washa "Integer Scale": Super Nintendo ina mistari 224, mara nne ni 896, inakaa ndani ya 1080 ikiacha ukanda mweusi juu na chini. Mpwa wangu huo ukanda haupendi. Mimi siutazami hata. Vichujio vya kuiga TV ya kichogo vinapendeza, lakini kwenye stiki dhaifu vinakula mwendo.

Kuchelewa ni pale unapobonyeza na mchezaji anaruka baadaye kidogo. Sehemu kubwa ya kosa ni TV. Tafuta kwenye rimoti ya TV hali iitwayo "Game", inazima urembo wa picha unaochukua muda. Kama bado, ndani ya RetroArch nenda "Settings", "Latency", washa "Run-Ahead" kwa fremu moja. Fremu moja ni sehemu ya 60 ya sekunde, milisekunde 17 hivi. Inaonekana si kitu, mpaka ujaribu kuruka shimo. Fanya hivyo kwa NES na wenzake tu, kwa PlayStation utaua mwendo. Pedi ya Bluetooth ikiwa inakatika, hamishia Wi-Fi kwenye 5 GHz kama ipo, kwa sababu 2.4 GHz na Bluetooth zinagombania njia ileile.

Kusevu, na umeme wetu

Sasa ule mpangilio wa mpwa wangu. Kuna kusevu kwa namna mbili. Ya kwanza ni ya gemu yenyewe, unapochagua kuhifadhi ndani ya gemu kama ilivyokuwa kwenye memori kadi. Ya pili ni ya emuleta, inayopiga picha ya mashine nzima ilivyo sekunde ile. Unafungua menyu ya haraka na kuchagua "Save State".

Ya pili inaandikwa kwenye hifadhi hapohapo. Ya kwanza haiandikwi hapohapo. RetroArch inaishikilia kwenye RAM, na mpangilio ninaoutaja hapa chini ukiwa umezimwa, inaiandika pale tu unapofunga gemu. Yaani mtoto anasevu, skrini inamwambia imehifadhiwa, kumbe kwenye hifadhi hakuna kitu. Umeme ukikatika kabla hajafunga gemu, kazi ya siku nzima imekwenda.

Dawa: "Settings", "Saving", "SaveRAM Autosave Interval". Ukiikuta imezimwa, iweke sekunde 10. Basi. Toka, "Save Current Configuration".

Jaribu uhakikishe, usiniamini mimi. Fungua gemu, sevu ndani yake, hesabu mpaka ishirini, chomoa chaja ya stiki. Washa upya. Ukikuta ulipoishia, stiki yako iko tayari kwa maisha ya huku. Usirudie jaribio hilo kila siku, kuchomoa ghafla si kuzuri kwa flashi.

Mafaili ya kusevu yanakaa kwenye folda ziitwazo "saves" na "states", na njia yake kamili unaiona kwenye "Settings", "Directory". Yote kwa pamoja ni madogo, PlayStation yenyewe memori kadi ilikuwa KB 128. Mara moja kwa mwezi yanakili kwa X-plore kwenda kwenye flashi nyingine. Ukibadilisha stiki, weka RetroArch, rudisha folda hizo mbili, endelea ulipoishia.

Mpwa wangu hiyo flashi ya pili ameiandika jina lake kwa kalamu nyekundu na haiachi sebuleni.